Fejetoni: Makala ya Chini ya Mstari na Kalamu ya Jan Neruda

Fejetoni ni makala fupi ya gazetini ambamo mwandishi huchukua jambo la maisha ya kila siku, hata likiwa dogo kiasi gani, akalizungumza kwa sauti yake mwenyewe na kwa ufundi wa fasihi. Haikusudii kutangaza tukio kama habari ifanyavyo, wala haisemi kwa niaba ya gazeti kama tahariri. Ilianzia Paris mnamo mwaka 1800, gazeti la Journal des Débats lilipotenga sehemu ya chini ya ukurasa kwa mambo ya tamthilia na fasihi, na kuitenganisha na siasa kwa mstari.

Miongoni mwa Wacheki, utanzu huu hautajwi bila jina la Jan Neruda. Alizaliwa Praha mwaka 1834, akakulia mtaa wa Malá Strana, ambako baba yake, askari mstaafu, alikuwa na duka dogo. Tangu mwaka 1865 hadi kifo chake mwaka 1891 aliandikia gazeti la Národní listy, na mara nyingi badala ya jina lake aliweka alama ya pembetatu. Fejetoni zake zinapita 2,000. Watu wengi humkumbuka kwa mashairi, lakini naamini kwamba kazi hii ya gazetini, iliyomlazimu kutazama watu bila kupumzika, ndiyo iliyomfanya kuwa mwandishi mkubwa.

Mfano unaojulikana sana ni "Kam s ním?", yaani swali la mtu asiyejua kitu akipeleke wapi. Mwandishi anataka kutupa mabua makuukuu ya godoro lake, na jambo linaloonekana jepesi kabisa linageuka mtihani, kwa sababu mjini hakuna mahali panapoyapokea. Msomaji anacheka, kisha anatambua kwamba amesomeshwa kuhusu mji wenyewe: taratibu zake, majirani wake, na jinsi mkazi wa kawaida anavyohangaika peke yake na jambo ambalo hakuna anayeliona kuwa lake.

Hata hivyo, udogo wa jambo si sharti la fejetoni. Tarehe 1 Mei 1890, wafanyakazi wa Praha walipojitokeza kwa wingi kuungana na wenzao wa nchi nyingine waliodai siku ya kazi ya saa nane, Neruda, ambaye wakati huo alikuwa mgonjwa, aliandika fejetoni juu ya siku hiyo kwa heshima kubwa. Hakuwahesabu waandamanaji kama mwandishi wa habari. Alieleza jinsi mwendo wao ulivyomgusa yeye aliyekuwa akiwatazama, na nguvu ya makala imo katika ushuhuda huo wa mtu mmoja.

Jicho hilohilo ndilo lililozaa Povídky malostranské, mkusanyo wa hadithi za mtaa wake uliotoka mwaka 1878. Katika moja ya hadithi hizo, ombaomba Vojtíšek, anayependwa na mtaa mzima, anazushiwa kwamba ana mali ya siri. Milango inafungwa mmoja baada ya mwingine, na mwishowe anakufa kwa baridi. Hakuna anayempiga wala kumtukana. Neruda anafuata uvumi ulivyopita nyumba kwa nyumba, kwa utulivu uleule aliozoea kuutumia gazetini, na hukumu anamwachia msomaji.