Picha ya Sahihi Haitoshi Kusaini PDF

Baadhi ya waandaaji wa programu huamini kwamba maktaba yoyote (msimbo ulio tayari wa kutumiwa ndani ya programu) inayotengeneza PDF na kubandika picha ya sahihi chini ya ukurasa imeshausaini waraka kidijitali. Imani hiyo inaeleweka, kwani kwa macho matokeo yanafanana.

Ndani ya faili mambo ni tofauti. Maktaba inayosaini kweli hukokotoa heshi ya baiti za waraka, yaani muhtasari mfupi wa tarakimu unaoutambulisha, mara nyingi kwa kanuni iitwayo SHA-256, huisaini kwa ufunguo wa siri, kisha huhifadhi matokeo pamoja na cheti kinachomtambulisha msainiji. Baiti moja iliyosainiwa ikibadilika, heshi hazilingani tena. Picha haina kinga hiyo. Yeyote anaweza kuinakili.

Unaweza kujikagulia mwenyewe. Fungua faili kwa kihariri cha maandishi matupu, utafute /ByteRange, neno linaloonyesha ni baiti zipi zimesainiwa. Isipokuwepo, hakuna sahihi ndani ya PDF hiyo. Ikiwepo, tengeneza nakala, badilisha kwa kihariri hicho tarakimu moja ya tarehe iliyoandikwa ndani ya faili lenyewe (kwa mfano baada ya /CreationDate), kisha uifungue kwa kisomaji kinachohakiki sahihi. Kinapaswa kukuambia waraka umebadilishwa. (Kikisema tu, kwa faili la awali usilolibadilisha, kwamba msainiji hajulikani, huenda cheti ni cha kujitengenezea, hilo si kosa la maktaba.)

Unapochagua maktaba, angalia kama inafuata PAdES (kiwango cha sahihi za kidijitali za PDF), inaweka muhuri wa muda (uthibitisho wa wakati wa kusaini), na leseni yake inaruhusu matumizi yako. Mimi ningetanguliza swali la ufunguo: je, maktaba inaweza kusaini kwa ufunguo uliofungiwa kwenye kifaa maalumu, au inalazimisha uwekwe kwenye faili la seva?