"Dawa zimemzidi" si sawa na "amezidisha dawa"

Kosa hili nimelisikia tena wiki hii, kwenye ofisi ya kumbukumbu za wagonjwa: "Lete faili la yule mgonjwa wa sumu, dawa za sonona." Nikalifungua. Humo ndani hakuna sumu. Kuna mama wa miaka 68 kutoka Kibosho, ana kisukari, miguu inamwaka moto usiku, akaandikiwa amitriptilini, dawa ya sonona inayotuliza pia maumivu ya mishipa ya fahamu, ya miligramu 25, kidonge kimoja kabla ya kulala. Usiku wa tisa aliamka kwenda msalani, aliposimama tu kizunguzungu kikamchukua, akaanguka.

Maana kwanza, kwa haraka, kwa sababu kosa liko kwenye msimbo unaoandikwa kwenye faili. Msimbo wa ugonjwa ni herufi na tarakimu zinazosimama mahali pa jina la ugonjwa, kufuata kitabu cha Shirika la Afya Duniani kiitwacho ICD. Hapa nazungumzia toleo la 10. Kwa lugha ya kitabu hicho, madhara ya dawa ni pale dawa ilipokuwa sahihi, dozi sahihi, ikatumika ipasavyo, na bado ikamletea mgonjwa shida. Sumu ni pale dawa isiyo yake, dozi isiyo yake au njia isiyo yake ilipotumika, hata kama aliyekosea ni mwandishi wa cheti cha dawa.

Sasa lugha, maana kosa linaanzia hapo. Binti wa yule mama alipofika mapokezi alisema, "Shikamoo dada, mama dawa zimemzidi." Aliyepokea akaandika: amezidisha dawa. Sentensi mbili, herufi chache tu kati yake, lakini mtendaji amebadilika. Kwenye "zimemzidi", kiambishi zi- ni cha dawa, na -m- ni mama anayetendwa. Dawa zimemshinda nguvu. Kwenye "amezidisha", a- ni mama mwenyewe, na -sh- inamfanya yeye kuwa msababishaji: amemeza zaidi ya alivyoambiwa. Kila mtu wa Moshi anajua tofauti hiyo akiwa nyumbani kwake. Anaisahau akishika kalamu ya ofisi.

Na neno "madhara" lenyewe halimshtaki mtu. Ni ndugu wa "kudhuru" na "dharura", mzizi mmoja wa Kiarabu, na linaeleza kilichompata mtu. Wauguzi wa kliniki za uzazi wa mpango wana neno laini zaidi, "maudhi madogo madogo", kutoka kuudhi. Napenda neno hilo, ila kwa mama aliyeanguka gizani halitoshi. "Sumu" nayo ni ya Kiarabu, lakini kwetu haiji peke yake. Ukisema fulani ana sumu mwilini, swali la pili ni nani kampa, au kwa nini kajipa.

Kuna chanzo cha pili cha kosa, na hiki kinaniudhi zaidi kwa sababu kinaonekana cha kitaalamu. Watu wanatafuta msimbo mtandaoni, wanaangukia orodha ya Marekani. Wamarekani wana toleo lao la ICD-10, na kwao T43.01 inabeba yote ya kundi la amitriptilini. Tofauti inawekwa na alama ya sita, ukihesabu pamoja na herufi T. 1 ni sumu kwa bahati mbaya, 2 ni kujidhuru makusudi, 5 ni madhara ya dawa iliyotumiwa vizuri, 6 ni dozi pungufu. Mtu anaona T43.015A, anaona fomu yetu ina nafasi ya herufi moja na tarakimu tatu, anakata mkia. Inabaki T43.0. Kwenye kitabu cha Shirika la Afya Duniani T43.0 ni sumu, basi. Tarakimu iliyokatwa ndiyo iliyokuwa inamtetea mgonjwa.

Kwa kitabu chetu, mama wa Kibosho ni I95.2, shinikizo la damu kushuka kwa sababu ya dawa, kisha Y49.0, madhara ya kundi la amitriptilini katika matibabu. Shida yenyewe inatangulia, dawa inafuata. Na msimbo unafuata kundi la dawa, haufuati ugonjwa: mama huyu hana sonona kabisa, dawa ile alipewa kwa maumivu ya mishipa ya fahamu.

Mtu ataniambia ni herufi tu. Jirani wa T43.0 kwenye faili ni X61, kujipa sumu makusudi, na kujaribu kujiua ni kosa chini ya Kanuni ya Adhabu ya Tanzania. Sitaki mama yeyote akaribishwe mtaa huo kwa sababu ya kalamu yangu. Tena dawa iliyomwangusha mzee inapaswa kuripotiwa TMDA, Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba, kwa fomu ya njano ya madhara ya dawa. Ikishaitwa sumu, nani ataikumbuka fomu hiyo?

Binti alikuwa na bahasha ya dawa mkobani, imekunjwa mara mbili, imeandikwa kwa kalamu ya bluu "1x1 usiku", vidonge 30. Tulivimwaga juu ya meza tukavihesabu pamoja. Vilibaki 21. Usiku tisa, vidonge tisa.

Kwa hiyo, ndugu zangu wa mapokezi na wa kumbukumbu, mkisikia "dawa zimemzidi", ombeni bahasha kabla ya kushika kalamu. Na kama T43.0 imeshaandikwa kwa mgonjwa kama mama huyu, faili halijachelewa: piga mstari mmoja juu yake, usifute, andika I95.2 na Y49.0 pembeni, weka sahihi na tarehe.