Je, wajua kwa nini Waingereza huziita shule zao za kitajiri "shule za umma"?

Nikiwa kidato cha pili nilisimama mbele ya darasa nikatangaza kwamba Winston Churchill alisoma shule ya serikali, kama sisi tu. Kitabu kilisema alipitia "public school" iitwayo Harrow, nami nikafungua kamusi: "public", -a umma. Hesabu ikafungwa. Mwalimu hakunipinga, na darasa likapiga makofi. Niliishi na kosa hilo miaka mingi, hadi nilipokutana na ada ya Eton, mwenzake Harrow: zaidi ya pauni 50,000 kwa mwaka, kwa mwanafunzi mmoja. Serikali haimiliki hata tofali moja pale.

Nikajirekebisha, na nikakosea tena. Safari hii nilijiambia kwamba shule hizi zilianzishwa kwa ajili ya maskini, kisha matajiri wakazipora na jina likabaki. Maelezo haya yanapendwa sana, na nusu yake ni kweli. Mfalme Henry VI alianzisha Eton mwaka 1440 ili wavulana 70 wasio na uwezo wasome bure. Aliiga Winchester, iliyoanzishwa 1382, nayo ikiwa na wanafunzi 70 wa aina hiyo. Lakini tangu mwanzo kanuni za Eton ziliacha mlango wazi kwa wana wa wakubwa waliojilipia. Zaidi ya hapo, neno "umma" halikutokana na sadaka ya mfalme. Lilihusu nani anaruhusiwa kupanda.

Fikiria daladala. Ina mwenyewe, tena mwenyewe anataka hesabu yake kila jioni. Hata hivyo tunaiita usafiri wa umma na hakuna anayeshangaa. Kwa nini? Kwa sababu konda haulizi unaishi mtaa gani wala baba yako anafanya kazi wapi. Anauliza nauli. Sasa liweke kando yake basi la wafanyakazi wa kiwanda: hilo linabeba watu wake tu, na wewe wa jirani utaliangalia likipita. Halafu kuna gari la nyumbani, linalobeba watoto wa familia moja.

Uingereza ya zamani ilikuwa na vyombo vyote vitatu. Gari la nyumbani ni mwalimu aliyeajiriwa na familia, akafundisha watoto sebuleni. Hiyo ndiyo iliyoitwa elimu ya binafsi. Basi la kiwanda ni shule ya mji au parokia fulani, kwa watoto wa hapohapo. Daladala ni shule kama Eton, iliyopokea mvulana kutoka pembe yoyote ya nchi, akalala hukohuko, mradi mzazi alipe. Harrow yenyewe ilianza 1572 kama basi la kiwanda, kwa watoto wa kijijini pake. Wageni wenye nauli waliruhusiwa kupanda, na taratibu wakajaza viti.

Mfano wangu una tundu, nakiri. Nauli ya daladala inapangwa na LATRA, mamlaka ya usafiri wa ardhini Tanzania. Ya Eton haipangwi na mtu wa nje. Na umma wenyewe ulikuwa wa wavulana tu.

Ukoo mmoja unaonyesha tofauti hiyo vizuri kuliko kamusi. William Pitt Mkubwa alisoma Eton na akaichukia. Mwanawe, William Pitt Mdogo, akafundishwa nyumbani, akaingia Cambridge akiwa na miaka 14, na mwaka 1783 akawa waziri mkuu akiwa na 24. Kwa lugha ya enzi zao, baba ndiye aliyesoma shule ya umma, na mwana ndiye wa binafsi.

Bunge liliimarisha jina hilo kwa sheria ya mwaka 1868 iliyohusu shule saba, Eton na Harrow zikiwemo. Ukivuka mpaka kuingia Scotland mambo yanageuka: majengo ya zamani yana maneno hayohayo yamechongwa kwenye mawe, na huko yalimaanisha shule ya serikali kweli.

Na waliosoma humo? Eton imetoa mawaziri wakuu 20, kuanzia Robert Walpole hadi Boris Johnson, kati ya watu 58 walioshika cheo hicho hadi Keir Starmer. Harrow ina saba, bila kumhesabu Jawaharlal Nehru, aliyekuwa waziri mkuu wa India. Msomaji wa Kenya atawatambua wawili wa Eton walioishi huko enzi za ukoloni: Lord Delamere, na Denys Finch Hatton, aliyekufa kwa ajali ya ndege Voi mwaka 1931 na kuzikwa vilima vya Ngong.

Orodha hiyo isitufanye tuamini kwamba shule ndiyo iliyowapika. Baba yake Walpole alikuwa mbunge kabla yake. Abiria wengi walipanda wakiwa tayari karibu na kituo cha mwisho. Kuna na aliyefika licha ya dereva. John Gurdon alishika mkia kati ya wavulana 250 katika biolojia pale Eton, na mwalimu akaandika kwamba ndoto yake ya kuwa mwanasayansi ni upuuzi. Mwaka 2012 alipata Tuzo ya Nobel ya tiba. Ripoti ile aliitundika ofisini kwake.

Vile viti 70 vya Henry VI bado vipo, katikati ya wavulana wapatao 1,300. Siku hizi vinagombewa kwa mtihani mkali, si kwa umaskini. Mwanauchumi John Maynard Keynes alikalia kimoja, na Eric Blair, anayejulikana zaidi kama George Orwell, akakalia kingine. Wengine wote huitwa kwa neno la Kilatini lenye maana ya watu wa mjini, kwa kuwa zamani walipanga vyumba nje ya chuo. David Cameron alikuwa mtu wa mjini. Boris Johnson, aliyekuwa naye shuleni miaka ileile, alikaa kwenye kiti cha mfalme.