Ujamaa haukutoka China

Kuna hii stori imezunguka miaka mingi, eti Mwalimu Nyerere alienda China akaona vijiji vya Mao, akarudi akakopi ujamaa. Jamani, angalieni tarehe kwanza. Mwalimu alifika China mara ya kwanza Februari 1965, wakati kijitabu chake cha ujamaa kilikuwa kimeshatoka Aprili 1962, miezi michache tu baada ya kujiuzulu uwaziri mkuu, na humo msingi aliouweka ni familia pana ya Kiafrika, sio vita ya matabaka, tena hiyo aliikataa waziwazi. Ni kweli huko China alivutiwa na jinsi watu wanavyobana matumizi, na reli ya TAZARA wakaja kutujengea, ila hayo ni ya baadaye.

Na wanaosahaulika kabisa ni wale vijana wa TANU, chama cha Mwalimu, kule Ruvuma, walianzisha kijiji cha Litowa mapema, wanalima pamoja kwa hiari yao, hata Azimio la Arusha la 1967, lililofanya ujamaa kuwa sera ya nchi, bado. Mi hawa ndo wananiuma, maana umoja wa vijiji vyao ulivunjwa na chama chenyewe 1969, wakati wao ndo walikuwa wanauishi ujamaa.