Mtu wa tatu nyumbani: yanayosemwa na yaliyo kweli

Ndoa nyingi za Mwanza na visiwani zinaendeshwa kwa mbali. Mvuvi wa dagaa analala kambini siku zote za giza, anarudi nyumbani mwezi ukiwa mpevu, maana mbalamwezi ikiwaka taa yake haivuti dagaa. Mkewe naye yuko Mwaloni Kirumba tangu alfajiri, anapatana bei na wachuuzi. Katikati yao zipo simu, na wapo watu wa kupeleka maneno: mama mkwe, wifi, jirani, mtoto wa darasa la nne. Ndoa ikitetereka, wa kwanza kunyooshewa kidole ni mmoja wa hao. Mengi yanayosemwa juu yao yanawaumiza wasiostahili na kuwaacha wenye tatizo wakiwa wamekaa kimya.

“Mtu wa tatu maana yake mchepuko”

Mchepuko ni mmoja tu kati ya wengi. Daktari wa akili Mmarekani, Murray Bowen, alianza mwaka 1954 utafiti ambao haukuwa wa kawaida: wagonjwa walilazwa wodini pamoja na ndugu zao, kwanza mama na binti, baadaye familia nzima. Aliwatazama wakiishi, wakila, wakigombana na kupatana. Alichokiona akakijengea nadharia. Watu wawili wakiwa shwari wanatoshana. Hofu au hasira ikizidi, mmoja wao anamvuta mwingine ili apumue. Kwa hiyo Bowen akasema uhusiano mdogo kabisa unaoweza kusimama wakati wa msukosuko ni wa watatu. Figa moja haliinjiki chungu, na mawili vilevile.

Huyo wa tatu anaweza kuwa mama mzazi, shoga wa kikoba, kaka mkubwa aliyeko Ukerewe, mtoto, hata kazi au pombe. Mwanamume anayefunga duka saa nne usiku kila siku wakati wateja wameisha saa moja, amekwisha kumpata wa tatu wake.

“Huyo mwanamke ndiye aliyevunja ndoa ya watu”

Hapa watu wanagawanyika makundi mawili, na yote mawili yanakosea.

Kundi la kwanza linamlaumu aliyekuja. Anatukanwa sokoni, anavuliwa kitenge hadharani, video inasambazwa, na mume anarudi nyumbani kula ugali wake kama mtu aliyeibiwa akarudishwa. Lakini aliyeapa ni mume, wala si yule mwanamke. Na yapo mambo ambayo wenye ndoa walikuwa hawaambiani kabla hajafika: deni lililofichwa, mimba iliyoharibika ambayo hakuna aliyethubutu kuizungumza, kitanda kilichopoa. Ukimfukuza mgeni bila kuyagusa hayo, nafasi yake inabaki wazi na itajazwa, kama si na mwanamke mwingine basi na mtoto au na chupa.

Kundi la pili linajiona la kisasa zaidi. Linasema mtu akichepuka ujue nyumbani kuna upungufu, na swali linarudi kwa mke: ulimnyima nini? Hili nalo si kweli. Mwanasaikolojia Mmarekani Shirley Glass alichunguza jambo hili miaka ya 1980, na zaidi ya nusu ya wanaume waliokuwa wamelala nje ya ndoa walisema ndoa zao zina furaha. Wapo wanaochepuka kwa sababu nafasi ilijitokeza na wao wakajiruhusu. Msukosuko wa wawili unaeleza mengi, lakini hauondoi uamuzi wa mtu mzima mwenye akili zake. Nalisisitiza hili kwa sababu nimewasikia wanawake wengi wakijipekua nafsi usiku kucha wakitafuta kosa ambalo halikuwa lao.

“Mtoto bado mdogo, haelewi”

Katika dhana zote, hii ndiyo inayoniuma zaidi.

Chukua nyumba ya kupanga, Mabatini, jioni. Televisheni inasema peke yake. Baba yuko kwenye kochi, mama kasimama mlangoni pa jiko na mwiko mkononi. Kati yao, juu ya mkeka, binti wa miaka tisa anaandika hesabu.

“Mwambie baba yako hela ya mboga imeisha.”

“Baba, mama anasema hela ya mboga imeisha.”

Baba hatoi macho kwenye taarifa ya habari. “Mwambie mama yako kama ana mdomo aje aniulize mwenyewe.”

Binti anamgeukia mama. “Mama, baba anasema mtaongea baadaye.”

Angalia alichofanya. Hakupeleka maneno kama alivyopewa. Ameyachuja, akatoa mwiba, akayaweka kwa namna ambayo mama hatalia. Hakuna aliyemfundisha. Anafanya kazi ya mshenga kabla hajamaliza jedwali la kuzidisha, na akishindwa siku moja ataamini ugomvi ni wake.

Salvador Minuchin, mtaalamu wa familia aliyezaliwa Argentina na kufanya kazi Philadelphia, alijaribu kuuona mzigo huo hata ndani ya damu. Yeye na wenzake waliwachukua watoto wenye kisukari ambao sukari yao ilikuwa ikivurugika mara kwa mara. Wazazi waliwekwa chumbani na kutakiwa kuzungumza jambo wanalogombania, mtoto akitazama kupitia kioo kinachoonyesha upande mmoja. Kisha mtoto akaingizwa chumbani. Muda wote damu yao ilikuwa ikipimwa kiwango cha mafuta huru, ambacho hupanda mtu anapokuwa na msongo. Katika baadhi ya familia, mtoto alipoingia kiwango cha mzazi kilishuka na cha mtoto kikapanda, kisha kikakawia kushuka. Mzazi alipumua, mtoto akabeba. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka 1978. Familia zilikuwa chache na watafiti waliofuata wameyakosoa, kwa hiyo asije mtu akamwambia mama mwenye mtoto mgonjwa kwamba yeye ndiye chanzo cha kisukari. Hilo halikuthibitishwa. Hata hivyo, kwamba mtoto anaathirika na ugomvi wa wazazi hata asipoguswa, tafiti nyingine nyingi zimelionyesha.

Mtoto anavutwa kwa njia nyingi, na nyingine zinasifiwa. Mama anasema kwa fahari, “Huyu mwanangu ni rafiki yangu, namweleza kila kitu,” na katika hivyo vyote zimo siri za baba yake. Kijana akimpenda baba, anajiona msaliti. Akimchukia, amepoteza mzazi. Njia nyingine ni ya mtoto “mtukutu.” Wazazi hawasemezani wiki nzima, mtoto anatoroka shule, ghafla wanakaa kikao kimoja, lugha moja, wakimkaripia pamoja. Yeye hana hesabu hiyo kichwani, lakini nyumba imetulia kwa muda, na utukutu wake umepata kazi.

Na wazazi waliokwisha kuachana? Wengi wanadhani hapo ndipo mtoto anapotoka katikati, au kinyume chake, kwamba kuachana kwenyewe ndiko kunakomkata vipande. Watafiti watatu wa Marekani, Buchanan, Maccoby na Dornbusch, walichapisha mwaka 1991 utafiti juu ya vijana wa California ambao wazazi wao walikuwa wametengana. Walichokiona ni kwamba kijana alijisikia kubanwa katikati pale wazazi walipoendelea kuhasimiana, na waliposhirikiana katika malezi hakubanwa sana. Waliobanwa ndio waliokuwa na huzuni na wasiwasi mwingi. Basi baba aliyeko Sengerema anayempigia mama wa mtoto mwenyewe kuulizia ada, bila kumtumia mtoto kama simu, anamfanyia mwanawe jambo kubwa kuliko anavyodhani.

“Mama mkwe na mkwe wake hawawezi kupatana, ndivyo wanawake walivyo”

Tazama njia ya hela. Mume yuko kambini kisiwani. Dagaa wakiuzwa anatuma fedha kwa simu, zote kwa mama yake, halafu mama ndiye “atamkatia” mke. Mke anakwenda kwa mama mkwe na mtoto mgongoni kuomba hela ya sabuni. Mama mkwe anauliza ile ya juzi imekwenda wapi. Mke anajibu kwa sauti kidogo. Jioni mama anampigia mwanawe: mkeo hana adabu. Usiku mke naye anapiga: mama yako ananinyanyasa. Mwanamume anamwambia kila mmoja, “Nimekusikia, mvumilie tu,” na kukata simu.

Mtaani itasemwa wanawake wawili wamegombana. Lakini aliyeuchora mstari huo wa hela ni wa tatu, yaani mume, ambaye hayupo, na ambaye kila mmoja anamwona mwema. Pengine hajui ameuchora. Pengine anaogopa kumwambia mama kwamba sasa ana nyumba yake. Ugomvi wa mama na mke ndio unaomhifadhi asiiseme sentensi hiyo. Akituma hela mara mbili, ya mama kwa mama na ya nyumba kwa mke, na kumwambia kila mmoja kiasi alichompa mwenzake, nusu ya ugomvi itakosa pa kukaa. Nusu nyingine itamlazimu arudi mwezi mpevu ukifika na kuzungumza ana kwa ana.

“Nikiingilia namsaidia”

Mwaka 1968 daktari Stephen Karpman, Mmarekani pia, alichora pembetatu ya mwonevu, mwonewa na mwokozi, akaonyesha kuwa watu huhama kona. Shangazi anamtetea binti dhidi ya mume, anamtukana mume, wiki mbili baadaye wenye ndoa wamepatana na wote wawili wanamwona shangazi mchonganishi. Alianza mwokozi, akawa mwonevu, anamaliza mwonewa analia kwamba wema wake haukulipwa. Kila ukoo una shangazi wa namna hii.

“Basi heri kusiwe na mtu wa tatu kabisa”

Hapana. Georg Simmel, mwanasosholojia wa Ujerumani, aliandika mwaka 1908 kwamba wa tatu anaweza kuwa mpatanishi, anaweza kuwa mfaidika wa ugomvi, na anaweza kuwa yule anayewagombanisha wawili kusudi awatawale. Mila zetu zinamjua mpatanishi, na sheria inamjua. Kwa Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, mahakama kwa kawaida haipokei ombi la talaka mpaka shauri lipite kwenye baraza la usuluhishi na baraza lithibitishe limeshindwa kupatanisha, isipokuwa katika hali maalumu zilizotajwa.

Utamtambua mpatanishi kwa mwenendo. Anachosema kwa mmoja anaweza kukirudia mbele ya mwingine. Habebi siri ya upande mmoja. Ugomvi ukiisha hana anachopoteza. Ukimpelekea malalamiko juu ya mkeo atauliza, “Yeye umemwambia?” Na ukisema huwezi, atakwambia, “Nenda kamwambie. Ukitaka nikae pembeni, nitakuja.” Bowen naye alifundisha hivyohivyo: kuwa karibu na wote wawili, kutulia, na kukataa kuchukua upande.

“Kwenye ugomvi wa nyumbani kila mmoja ana sehemu yake”

Hii inahitaji tahadhari kuliko zote, kwa sababu watu wanaojifunza nadharia za pembetatu huwa wepesi kuisema. Palipo na kipigo, kulazimishwa tendo la ndoa au vitisho vya kuua, usigawe makosa katika kona tatu. Mwanamke aliyevimba jicho hachezi nafasi ya mwonewa, ameonewa. Hapo jirani anayegonga mlango si mwokozi wa kwenye mchoro, ni jirani mwema, na kuwakalisha kikao mpigaji na aliyepigwa wasemezane kunaweza kumuweka aliyepigwa hatarini zaidi. Vituo vya polisi vina Dawati la Jinsia na Watoto, na mtoto anayeumizwa, au mtu mzima anayejua mtoto anaumizwa, anaweza kupiga 116 bila malipo.