Je, wajua? King'ora cha moshi hakina pua

Kwa miaka mingi niliamini kwamba kile kisahani cheupe cha darini kinanusa. Kitu kikiungua, harufu inapanda, kisahani kinaipata, kinapiga kelele. Ndivyo nilivyomweleza shangazi yangu wa Tudor, Mombasa, alipofungiwa ving'ora vitatu vya moshi vya kuunganishwa na stima. Nikamhakikishia, kwa ujuzi wa kujitungia, kwamba sasa hata gesi ikivuja atajulishwa.

Wiki hiyohiyo regulata ya mtungi wake ikalegea. Gesi ilinuka jikoni, ukumbini, hadi kwenye ngazi, na kisahani kilichokuwa juu ya vichwa vyetu kikakaa kimya, kijitaa chake cha kijani kinawaka kama mtu asiyehusika. Jioni binti yake akatoka kuoga maji ya moto, akauacha mlango wa bafu wazi. Kisahani cha ushorobani kikalia hadi majirani wakatoka. Moto hapana, moshi hapana. Ni mvuke na harufu ya sabuni.

Fundi wa stima alipoitwa alicheka. "Bwana we, hiki hakina pua. Kina jicho."

Kwenye aina inayouzwa sana siku hizi, ndani mna kijichumba cheusi tititi chenye vizuizi vya kupindapinda: hewa inaingia, mwanga wa nje hauingii. Upande mmoja kuna kijitaa, mara nyingi cha infraredi ambayo macho yetu hayaioni. Upande mwingine kuna kihisi cha mwanga. Na hapa nilikosea mara ya pili. Nilidhani moshi huuziba mwanga, kama wingu mbele ya jua, na kihisi kikikosa mwanga ndipo kinalia. Kumbe kijitaa na kihisi havitazamani kabisa. Kihisi kimewekwa kando, gizani, kinangojea mwanga ambao kwa kawaida haufiki pale.

Ingia nyumba ya Mji wa Kale saa kumi alasiri, madirisha yamefungwa, jua linapenya kwenye ufa mmoja wa ubao. Hewa ikiwa safi utaona doa la jua sakafuni, basi. Njia ya mwanga kutoka ufani hadi chini huioni. Sasa mtu aupige mkeka kofi moja. Ghafla fimbo ya mwanga imesimama katikati ya chumba. Jua halikuongezeka. Ni vumbi limeuchepua mwanga, kila chembe ikiutupa huku na huku, na kiasi kidogo kikafika jichoni mwako wewe uliyeketi pembeni. Ukifukiza udi kwenye chetezo, fimbo inanenepa zaidi. King'ora ni mtu aliyeketi pembeni mwa chumba hicho, ameagizwa apige mayowe pindi aionapo fimbo.

Ndiyo maana hakijali gesi. Molekuli za gesi ni ndogo mno kuliko wimbi la mwanga, kwa hiyo haziuchepui mwanga kiasi cha kuonekana. Isitoshe, gesi ya kupikia ni nzito kuliko hewa, hutandaa sakafuni wakati kisahani kiko darini, na ile harufu yake hutiwa kiwandani makusudi ili pua zetu ziitambue. Matone ya mvuke, kinyume chake, ni makubwa ya kutosha, na jicho haliwezi kuyatofautisha na moshi.

La kutisha zaidi ni jiko la makaa. Makaa yaliyokolea hayatoi moshi wa kuonekana, lakini yanatoa kaboni monoksaidi, isiyo na rangi wala harufu. Liingize chumbani, funga madirisha, na king'ora cha moshi kitakutazama tu. Kuna ving'ora vya gesi hiyo, ila ni kifaa kingine.

Fundi alisahihishwa kidogo na maandishi ya boksi, nami nimsahihishe kwa niaba yake: si vyote vina jicho. Vipo vyenye chembe ya amerisiamu-241, metali yenye mnururisho, inayoifanya hewa ipitishe mkondo mdogo wa umeme. Moshi ukiingia, mkondo unapungua. Vya aina hii huwahi moto wa ndimi kali. Vya jicho huwahi godoro linalofuka polepole.

Shangazi alikuwa na swali lake: kama kinakula stima, betri ya nini? Ni kwa sababu moto wenyewe mara nyingi huanzia kwenye nyaya na kuikata stima, na kwa sababu stima hupotea hata bila moto. Betri ikichoka, kinalia "pi!" kila dakika moja hivi. Watu huapa kwamba hulia usiku tu. Betri hudhoofika kwenye baridi, hilo ni kweli, lakini usiku wa Mombasa unapoa kidogo sana. Naona mchana kinalia vilevile, ila matatu zinakifunika.

Kazi ya waya mwachie fundi, meni swichi ikiwa imezimwa. Wengi hukiunganisha kwenye laini ya taa zinazotumika kila siku, ili fyuzi ikikatika giza likujulishe. Waya wa tatu huviunganisha ving'ora vyenyewe: kimoja kikiona moshi, vyote vinalia. Kikae darini, sentimita 30 au zaidi kutoka ukutani, mbali na bafu. Jikoni panataka king'ora cha joto, la sivyo kila mahamri yakikaangwa mtakimbilia nje. Bonyeza kitufe cha majaribio mara moja kwa mwezi. Ikitimia miaka 10 tangu kitengenezwe, kitoe chote. Tarehe iko mgongoni.

Na vumbi lipanguswe kwa brashi laini. Cha chumbani kwa shangazi kililia saa nane za usiku, hakuna mvuke, hakuna udi, betri mpya. Fundi alipitisha brashi kwenye matundu, akatoka buibui mdogo. Yule wa miguu minane, si vazi.