Kabla hujaiweka picha yako mtandaoni, amua leseni yake

Picha ya jahazi likiingia Shela jioni, ukiiweka mtandaoni bila neno lolote, hujaitoa sadaka. Kwa Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya mwaka 2001, picha ni yako tangu ulipoipiga. Haihitaji kusajiliwa ndipo ilindwe, na ulinzi huo hudumu miaka 50. Mwenye hoteli anayeitaka kwa tangazo lake sharti akuombe. Masharti ya Facebook na Instagram yanaipa kampuni husika ruhusa ya kuitumia picha yako; hayampi ruhusa hiyo kila anayepita na kuipenda.

Lakini mwalimu wa Mpeketoni anayeandaa somo la historia atakuomba vipi, naye hakujui? Hapo ndipo leseni huria zinaposaidia: unatangaza ruhusa mapema, pamoja na masharti yake. Zinazojulikana zaidi ni za Creative Commons, zilizoanza kutolewa mwaka 2002. Ziko sita, na zote zinadai jina lako litajwe. Masharti yake huandikwa kwa herufi mbilimbili: BY ni hilo la kutajwa jina, na leseni yenye BY peke yake inaishia hapo. SA inaongeza kwamba atakayeibadilisha picha yako na kuisambaza aitoe kwa leseni ileile. NC inakataza matumizi ya kibiashara, na ND inakataza kusambaza picha iliyobadilishwa. Leseni nyingine ni mchanganyiko wa masharti hayo.

Wapigapicha wengi wa Lamu na Malindi hukimbilia NC, na sababu yao naielewa vizuri. Nani atafurahi kuona picha yake imegeuzwa kadi za kuuziwa watalii, naye hapati hata shilingi? Ila NC hufungia nje hata watu ambao ungependa waitumie. Wikipedia huchukua picha nyingi kutoka Wikimedia Commons, na hazina hiyo haipokei picha zenye NC wala ND. Mchapishaji wa vitabu vya shule naye ataiogopa, kwa kuwa vitabu vyake vinauzwa. Mji Mkongwe wa Lamu umo katika Urithi wa Dunia wa UNESCO tangu 2001, na Gedi, jirani na Malindi, iliingia 2024. Dunia nzima inasoma habari za miji hii, na mimi nataka izione kwa macho ya wenyeji. Kwa hiyo kwa picha za magofu, vichochoro na milango ya nakshi nashauri BY-SA. Mfanyabiashara ataruhusiwa, ndiyo, lakini atakutaja.

Ili akutaje, mrahisishie. Andika chini ya picha: “Mlango wa nakshi, Mkomani, Lamu. Picha:”, kisha jina lako kamili, kisha “CC BY-SA 4.0” (CC ni Creative Commons, na 4.0 ni toleo la leseni), na uweke kiungo cha leseni yenyewe. Usitegemee maelezo yaliyomo ndani ya faili, kwani picha ikitumwa kwa WhatsApp kwa njia ya kawaida huyapoteza.

Na ujue kwamba leseni hizi hazirudishwi. Unaweza kuiondoa picha mtandaoni leo, lakini aliyekwisha kuichukua ataendelea kuitumia maadamu anafuata masharti. Picha unayotarajia kuiuza, usiitolee leseni huria kabisa.

Mpigapicha wa harusi ana mtihani wake. Sheria yetu humhesabu aliyeagiza kazi kuwa ndiye mwenye hakimiliki, isipokuwa mmekubaliana vingine, kwa hiyo picha ulizolipwa kupiga huenda si zako kuzitolea leseni. Andikianeni, hata kama ni karatasi moja. Lakini hata karatasi hiyo ikikupa hakimiliki, bado yupo bibi harusi, na wapo mashangazi waliovua buibui ukumbini wakijua wako na wanawake wenzao. Leseni ya hakimiliki haigusi faragha yao. Kifungu cha 31 cha Katiba kinawalinda, na kwa Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019, picha ya mtu anayetambulika ni data yake binafsi. Waombe ridhaa mmoja mmoja kabla ya kupakia chochote, na kwa mtoto, muombe mzazi au mlezi wake.